Umehamia Texas? Anza na Karatasi Zenye Jina Lako Mwenyewe

Juma lililopita kijana mmoja aliniandikia kutoka Arlington, Texas. Ametoka Des Moines, Iowa, kafuata kazi ya ghalani, na amefikia kwa mjomba wake. "Dada, shikamoo," aliandika. "Leseni yangu ya Iowa bado nzima. Watu hapa wananiambia niendeshe nayo tu mpaka iishe, na wao ndivyo wanavyofanya. Mjomba naye hataki kuweka sahihi kwenye karatasi za serikali. Nifanyeje?"

Nimemjibu yeye kwa kifupi. Hapa naandika kwa kirefu, kwa sababu najua yuko na wenzake wengi, na kwa sababu jambo hili mimi lilinichoma na bado halijapoa.

Nilihama Minnesota nilipopata kazi Fort Worth, kazi ya kuwatunza wazee majumbani mwao. Kazi hiyo huwezi kuifanya kwa miguu. Mzee anataka kupelekwa kliniki, dawa zinataka kuchukuliwa, na Texas ukikaa bila gari umekaa ndani. Mwajiri alinipokea vizuri, ila alinipa sharti moja: nipate leseni ya Texas kabla ya kukabidhiwa mteja. Mshahara ulikuwa mzuri kuliko niliouacha, na nilikuwa na watoto wawili wa dada yangu ninaowalipia ada nyumbani Tanga. Basi kwangu leseni ile ilikuwa chakula na ada za watu.

Nilifikia kwa mama mmoja tunayetoka naye mkoa mmoja. Sitamtaja. Alinipa chumba, nami nikawa nampikia, nafua, na asubuhi nawapeleka wanawe shule kwa gari langu. Nilipokwenda kuuliza utaratibu wa leseni nikaambiwa nilete karatasi mbili, kutoka sehemu mbili tofauti, zenye jina langu na anwani yangu ya Texas. Sikuwa nazo. Mkataba wa nyumba ulikuwa kwa jina lake, umeme kwa jina lake, maji kwa jina lake. Lakini sheria inamfikiria mtu wa namna hiyo. Iko fomu ya kiapo cha makazi, DL-5, ambayo mwenye nyumba anathibitisha kwamba fulani anakaa kwake. Anafuatana nawe ofisini, anaonyesha karatasi zake mbili za anwani, anaweka sahihi, mnarudi nyumbani.

Yule mama alinipiga kalenda. Leo amechoka, kesho ana zamu, keshokutwa ana harusi Houston. Mwisho nikamkalisha jikoni nikamuuliza wazi, akaniambia, "Mimi sitaki jina langu liandikwe serikalini kwa ajili ya mtu." Kwa ajili ya mtu. Mtu huyo ndiye aliyewapeleka watoto wake shule asubuhi ileile, kwa leseni ileile ya Minnesota. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Mimi niliingia nyumba ile na mwenyeji akapona kweli, ila nilipohitaji sahihi moja nikaambiwa mimi ni mtu tu.

Sikugombana naye. Nilikaa chumbani, nikatandika makaratasi yangu yote kitandani, nikaanza kutafuta njia ambayo haipiti kwa mtu yeyote. Na njia ipo. Ndiyo ninayotaka uishike: karatasi moja yenye jina lako huzaa nyingine. Usianzie kwenye leseni. Anzia kwenye bima.

Kwanza ujue kwamba Texas wamegawa kazi hizi mara mbili. Leseni ya udereva hutolewa na DPS, idara ya usalama wa umma. Gari husajiliwa kwenye ofisi ya kodi ya kaunti yako. Watu wengi wetu tumezoea majimbo mengine ambako unasema "naenda DMV", yaani ofisi ya magari, ukimaanisha kila kitu. Tena muda wake haufanani: mkazi mpya ana siku 90 za kubadilisha leseni, lakini gari analotoka nalo jimbo jingine anatakiwa alisajili ndani ya siku 30. Kwa hiyo anayesema "nina miezi mitatu" hajasema uongo, ila gari lake linaweza kuwa tayari limepitwa. Na kama unamiliki gari, DPS watataka kuona usajili wake wa Texas pamoja na bima kabla ya kukupa leseni. Gari linatangulia, leseni inafuata.

Nilipiga simu kampuni ya bima nikawapa anwani mpya. Usiombe wabadilishe anwani ya barua peke yake. Waambie gari sasa linalala wapi. Minnesota wanataka bima ya chini ilipe dola 10,000 kwa mali ya mtu utakayoiharibu. Texas wanataka 25,000. Kwa majeraha viwango vyao ni sawa: 30,000 kwa mtu mmoja na 60,000 kwa ajali nzima. Nilipewa mkataba mpya wenye jina langu na anwani ya Fort Worth. Nikauchapisha. Hiyo ilikuwa karatasi ya kwanza, na hakuna aliyenifuata wala niliyemwomba.

Kisha nikalipeleka gari kupimwa moshi. Tangu Januari 2025 Texas wamefuta ule ukaguzi wa usalama kwa magari ya kawaida ya watu binafsi, lakini baadhi ya kaunti bado zinapima moshi, na Tarrant (yenye Fort Worth na Arlington), Dallas na Harris (yenye Houston) zimo humo. Ukiwa nje ya kaunti hizo hatua hii inakuruka.

Ofisi ya kodi ya kaunti nilikwenda na hati ya umiliki wa gari kutoka Minnesota, bima mpya, kitambulisho na fomu namba 130-U ya kuombea hati na usajili wa Texas. Hapa ushike pochi yako. Mkazi mpya hulipa kodi ya dola 90 kwa gari alilokuja nalo, badala ya kodi ya mauzo, na ada ya usajili wa gari dogo ni dola 50.75, halafu kuna ada ya hati na vijisenti vya kaunti juu yake. Nilitoka na vibao viwili vya namba, stika ya kioo, na karatasi ya usajili. Karatasi ya pili hiyo.

Niliketi garini nikazishika zote mbili, bima na usajili. Jina langu, anwani yangu, sehemu mbili tofauti. Sikuhitaji kumkalisha mtu jikoni.

Kama huna gari, taarifa ya benki ya hivi karibuni inafaa, na hati ya mshahara iliyochapwa jina na anwani yako inafaa pia. Kwa hiyo siku ya kwanza ukifika, nenda benki ubadilishe anwani, na mwambie mwajiri aandike anwani mpya kwenye mshahara. Usingoje. Fanya siku hiyohiyo.

Miadi ya DPS huwekwa mtandaoni, na kwenye miji mikubwa tarehe zinaweza kuwa mbali sana. Weka hata kabla karatasi hazijatimia, kisha uamke mapema uangalie, maana watu hufuta na nafasi za siku hiyohiyo hujitokeza. Hivyo ndivyo nilivyopata yangu.

Dirishani alikuwepo mama wa makamo, mpole. Alipanga karatasi zangu moja baada ya nyingine: pasi, kadi ya ukaazi wa kudumu, kadi ya Social Security (hifadhi ya jamii), usajili, bima. Nikaegemeza paji la uso kwenye mashine ya macho nikasoma herufi. Nikabonyeza dole gumba la kulia, kisha la kushoto, kwenye kioo kidogo. Picha. Dola 33, na leseni inadumu miaka minane. Kwa sababu leseni yangu ya Minnesota ilikuwa haijaisha muda, sikufanya mtihani wa maandishi wala wa barabarani. Waliichukua, wakanipa karatasi ya muda. Juma lililofuata nikaanza kazi.

Sasa nyote mnaojiandaa kwenda, kuna mambo mawili yanayowaumiza watu wetu kuliko wengine.

La kwanza ni majina. Sisi majina yetu yalipita mikono mingi kabla ya kufika Marekani. Jina la babu limekaa mahali pa ukoo, jina la ubatizo limerukwa, na ndugu zetu waliopitia kambi za wakimbizi za Nyarugusu au Kakuma wengi wameandikiwa Januari 1 kuwa siku ya kuzaliwa. Hiyo Januari 1 si tatizo, mradi iwe hivyohivyo kila mahali. Tatizo ni kadi ya ukaazi kusema hivi na Social Security kusema vile. Ofisi za leseni huhakiki hati za uhamiaji kwa mfumo wa serikali kuu uitwao SAVE, na mfumo haujui kwamba Mwajuma Hamisi na Hamisi Mwajuma ni mtu mmoja. Nenda Social Security urekebishe kwanza. Kama ulibadilisha jina kwa ndoa, beba cheti cha ndoa, na kama kimeandikwa kwa Kiswahili au Kifaransa, kitafsiriwe kwa Kiingereza mapema.

La pili naliandika mkono ukitetemeka, kwa sababu nimemwona mtu akilia kwa ajili yake. Kwenye fomu ya leseni utaulizwa kama wewe ni raia na kama unataka kujiandikisha kupiga kura. Ni sheria ya mwaka 1993 iliyofanya hivyo karibu nchi nzima. Kama wewe si raia, jibu ni hapana. Usiseme ndiyo kwa kuwa foleni ni ndefu au kwa kuwa umemwona aliyekutangulia anatikisa kichwa. Mkimbizi si raia. Mwenye kadi ya kijani, yaani ile ya ukaazi wa kudumu, si raia. Kujidai raia kunaweza kukufungia mlango wa uraia na hata kukurudisha ulikotoka. Soma kila kisanduku. Kama Kiingereza kinakutatiza, nenda na mtu unayemwamini akusomee, si akujazie.

Na wewe unayesema utaendesha na leseni ya zamani mpaka iishe: siku ukigonga, kampuni ya bima itauliza gari lilikuwa linalala wapi. Mkataba ukisema Iowa na wewe unaishi Arlington, wanaweza kukataa kulipa, nawe utabaki na deni la hospitali ya mtu mwingine. Wala usidhani faini uliyoiacha Ohio itabaki Ohio. Majimbo yanapeana taarifa. Leseni ikiwa imesimamishwa mahali, Texas wataiona na hawatakupa mpya mpaka ukamalize huko.

Wanaohamia kwingine waangalie muda wa jimbo lao. California ni siku 10 tu. Ohio na Maine siku 30. Minnesota siku 60. Madereva wa malori wenye leseni ya biashara wasisikilize hizi siku 90 za Texas hata kidogo. Kwao sheria ya nchi nzima ni siku 30, popote walipohamia.

Nasema pia na ninyi wenye nyumba. Mnawapokea watu, Mungu awalipe. Lakini kumpa mtu godoro halafu ukamnyima sahihi ni kumfunga miguu ndani ya nyumba yako. Fomu ya DL-5 inasema huyu anakaa kwangu, basi. Kama anakaa, sema anakaa. Chukua bili yako ya umeme na mkataba wako, mfuate ofisini asubuhi moja. Mimi tangu nipate nyumba yangu nimeshakwenda na wageni wangu, na sahihi yangu iko kwenye fomu zao, na sijapungukiwa na kitu.

Mjomba wa Arlington, kama unasoma, nimekuandikia wewe pia.

Jambo la mwisho ni la sanduku la barua. Leseni yenyewe haitolewi dirishani, huja kwa posta, na ukiwa umefikia kwa mtu, mleta barua anaweza asijue kwamba upo. Andika jina lako ndani ya sanduku kwa kalamu nzito. Karatasi ya muda uitunze mpaka kadi ifike, maana ndiyo leseni yako kwa wakati huo, na unapopanda ndege beba pasi au kadi ya ukaazi pamoja nayo. Kadi ikifika, angalia kwanza kama ina nyota pembeni juu. Nyota hiyo ni alama ya REAL ID, yaani leseni iliyotimiza masharti ya serikali kuu, na tangu Mei 7, 2025 ndiyo wanayoitafuta uwanja wa ndege. Kisha soma jina lako herufi kwa herufi, tarehe ya kuzaliwa na anwani, na ukikuta kosa rudi DPS na hati zako kabla hujaionyesha benki au kazini.