Nalipia YouTube TV na mechi ya Ohio State siioni: hukununua mpira, ulinunua chaneli

Swali: Fundi habari ya kazi. Niko Columbus, Ohio, mwaka wa nne sasa. Nalipia YouTube TV karibu dola 83 kila mwezi sababu ya kijana wangu, yuko sekondari na hana habari nyingine ila Buckeyes, timu ya mpira wa Kimarekani ya chuo cha Ohio State. Jumamosi ya tarehe 13 Septemba 2025 Ohio State walicheza hapa hapa mjini na Ohio University saa moja usiku, tumetafuta mechi mpaka robo ya kwanza imeisha hatuioni. NBC ipo, Fox ipo, Big Ten Network ipo, mechi haipo. Jirani anasema shida ni lokesheni niweke VPN, ile apu ya kubadilisha mahali unapoonekana upo, na kuna jamaa kanisani anauza kiboksi dola 180, unalipa mara moja unaona kila kitu milele. Ninunue? Na kwa nini watufiche mechi na tumelipa?

Jibu:

Kiboksi usinunue. Nitakirudia huko chini, kwa sasa kiache kanisani hapo hapo kilipo.

Mechi haikufichwa ndugu yangu. Ilirushwa Peacock peke yake, apu ya kulipia kwa mwezi, siyo NBC wala Fox wala Big Ten Network, na Peacock haimo kwenye hizo dola 83 zako. Ungekuwa na akaunti ya Peacock, wakati huo kama dola 11 kwa mwezi, ungeiona kwenye TV hiyo hiyo na intaneti hiyo hiyo bila kugusa waya. Najua unachotaka kuniambia, "lakini Peacock si ni ya NBC, na NBC ninayo". Nimeambiwa hivyo kwenye sebule za watu msimu huu mpaka nafikiria kuchapisha jibu kwenye tisheti. Tajiri ni mmoja ila maduka ni mawili, na risiti ya duka hili huwezi kuchukulia mzigo duka lile. Na kwa Watanzania, NBC hii siyo ile benki yenye jina lake kwenye Ligi Kuu, msicheke, nimeshaulizwa.

Sasa hili neno "tumelipa" ndilo linanimaliza. Hukulipia mpira. Ulilipia furushi la chaneli, na mechi ni mgeni tu, leo kalala chaneli hii, wiki ijayo kahamia kwingine. Nyumbani tunalijua hili vizuri na hakuna anayeshangaa, ukiwa Dar unataka Simba na Yanga unalipia Azam, unataka Arsenal unalipia DStv, na sijawahi kusikia mtu kawasha Azam anatafuta Arsenal halafu anamwita fundi aje aangalie dishi. Mtu huyo huyo akishavuka bahari anaona kuna jina YouTube, kuna neno TV, kuna dola 83 zimekatwa kwenye kadi, anahesabu kwamba kila kinachochezwa Marekani ni chake.

Mpira wa vyuo ndio mbaya zaidi kwa hili kuliko NFL, ligi ya kulipwa. NFL wanakaa mezani wamoja wanauza kama ligi. Vyuo, kila kundi linauza lake. Zamani NCAA, chama cha michezo ya vyuo, ndiyo ilikuwa inashika TV yote, na chuo kilikuwa hakiruhusiwi kuonekana zaidi ya mara 6 ndani ya miaka miwili, Oklahoma na Georgia wakaona wanakaliwa wakaenda mahakamani, na Juni 1984 Mahakama ya Juu ya Marekani ikawapa ushindi kwa kura 7 kwa 2. Toka hapo ni soko huria. Big Ten, kundi la Ohio State, ambayo jina lake ni kumi na vyuo ni 18, hesabu zao wanazijua wenyewe, mwaka 2022 ilisaini na Fox, CBS na NBC mkataba wa miaka 7 wa zaidi ya dola bilioni 7. SEC, kundi la vyuo vya kusini, wao kuanzia 2024 wamehamia kwa Disney wazima wazima, yaani ABC, ESPN na SEC Network. Mtu akishatoa hela ya namna hiyo hakupi mechi zote kwa mlango mmoja. NBC kila msimu anabakiza mechi chache anaziweka Peacock makusudi, ili wewe na kijana wako mjiandikishe. Ohio State na Ohio University ni mechi ya namna hiyo kabisa, mjini kwenu mtu hawezi kuikosa, nje ya Ohio hakuna atakayelia. Ya Michigan hutaikuta huko, hiyo Fox wameikalia.

Kuna kanuni moja ambayo ukiishika utajibu maswali haya mwenyewe na mimi nitapumzika: mwenye uwanja ndiye mwenye TV. Haki za kurusha zinafuata timu ya nyumbani. Tarehe 30 Agosti 2025 Ohio State walimkaribisha Texas Columbus, wenyeji ni Big Ten, mechi ikaenda Fox saa sita mchana, tukashinda 14 kwa 7. Marudiano ni Austin, 2026, Texas yuko SEC, kwa hiyo mechi inahamia kwa akina ABC na ESPN. Timu zile zile mbili, ukoo wa chaneli mwingine kabisa. Kwa hiyo ukiniuliza "Ohio State inaoneshwa wapi" mimi nakuuliza inacheza wapi na nani, siyo kwamba nakuzungusha.

Muda na chaneli vyenyewe mechi nyingi vinatangazwa siku 12 kabla, saa nyingine siku 6 tu, kwa hiyo lile tangazo la mwezi Julai ulilobandika kwenye friji halina maana. Fungua ratiba kwenye tovuti ya chuo chenyewe, angalia palipoandikwa TV. Na angalia kama mbele ya jina kuna kialama cha kujumlisha. SEC Network+ siyo SEC Network, B1G+ siyo Big Ten Network, ESPN+ ambayo siku hizi wameibatiza jina jipya siyo ESPN. Hiyo alama ndogo kama msalaba ndiyo imewatia watu wengi hasira, maana macho yanasoma jina lililozoeleka yanaruka alama, unakuta mtu amekaa na popcorn anaangalia SEC Network wanaonesha kitu kingine kabisa na anaapa kwamba apu imeharibika. Paramount+ ndiyo afadhali, mechi ya CBS unaikuta na kule.

Wengine pia wananunua furushi lisilo na chaneli yenyewe. Sling, huduma kama YouTube TV, haina CBS, na ESPN yake iko furushi la Orange wakati Fox iko la Blue, tena kwa baadhi ya miji tu, mtu kachukua Orange sababu ni nafuu halafu ananipigia Jumamosi saa sita kasoro dakika kumi anatafuta Fox. Saa sita kasoro kumi! Mimi hapo nafanya nini?

Halafu kuna ile chaneli inayoondoka yenyewe. Mwisho wa Oktoba 2025 Disney na YouTube TV waligombana bei, ABC, ESPN, SEC Network, ACC Network zote zikakatika mpaka tarehe 14 Novemba. Wewe wa Ohio State hukusikia kitu kwa sababu Big Ten haiko ESPN toka 2023, lakini mashabiki wa SEC Jumamosi mbili nzima kioo kimya. Mwaka 2024 ilikuwa zamu ya DirecTV, kampuni nyingine ya kuuza chaneli, Disney ikazimika tarehe 1 Septemba LSU na USC wakiwa uwanjani, na 2023 ilikuwa Spectrum, kampuni ya kebo, Florida na Utah wakiwa wanacheza. Angalia miezi vizuri. Hawagombani Machi hawa.

Sasa wewe ufanye nini. Nunua antena. Ndiyo, antena ya kawaida ya dola 25, ile bapa, ibandike dirishani upande wa minara, ingia menyu ya TV utafute chaneli upya, na hapo Columbus utapata ABC, CBS, NBC na Fox bure kabisa, picha kali kuliko ya intaneti. Mechi kubwa za Buckeyes, ile ya Texas, ya Penn State, ya Michigan, zote msimu wa 2025 zilikuwa Fox. Zikija za Peacock unalipia mwezi mmoja, unaangalia, unakata. Kinachobaki hasa ni Big Ten Network, hiyo antena haikupi, ndiyo utaamua kama inastahili dola 83 au la. Na dukani ukiona antena imeandikwa 4K au maili 500 rudisha kwenye rafu. Antena haijui 4K ni nini, yenyewe inakamata mawimbi basi, na dunia ina mviringo, kwa umbali huo mnara ulishazama zamani nyuma ya upeo.

VPN. Jirani yako ana nia njema ila hajui anachosema. Lokesheni ina maana kwenye chaneli za mji, ukiwa Columbus unapewa Fox ya Columbus. Mechi ya Peacock haikuwa imezuiwa Columbus, haikuwa YouTube TV popote pale Marekani nzima, sasa VPN ikupeleke wapi? Ikupeleke Denver ukaikose ukiwa Denver? Tena YouTube TV ikiona VPN inaweza kukugomea hata chaneli ulizonazo, na wewe utasema tena ni intaneti.

Na hapa ndipo kinapoingia kiboksi, maana ndiyo njia yake siku zote. Mtu hajaelezwa kwamba mechi iko Peacock, anaambiwa "hawa wazungu wanatubania, chukua hiki". Dola 180 ni Peacock ya kama miezi 16, lakini hela siyo kinachoniuma.

Mwaka huu niliitwa nyumba moja, malalamiko intaneti inakufa usiku. Nyumba ya mama mmoja mtu mzima, wajukuu wamelala, TV imezimwa, simu zote ziko kwenye chaji. Taa ya ruta inapepesa kama taa za harusi. Nikazunguka nyuma ya TV nikakuta kiboksi cheusi hakina hata jina la kampuni, kimefunikwa kitambaa cha kufuma, cha moto kama pasi. Nikachomoa waya wake, taa ikatulia pale pale, mama yuko nyuma yangu anasema "kumbe!" Kile kiboksi kilikuwa kinapitisha vitu vya watu wengine kwenye laini yake usiku kucha.

Siyo hadithi yangu peke yangu hiyo. Juni 2025 FBI walitoa onyo rasmi kuhusu BADBOX 2.0, mamilioni ya vifaa vya bei rahisi, viboksi vya Android vikiwemo, vyenye virusi ambavyo vingine vimewekwa hata kabla kifaa hakijatoka kwenye katoni, vingine vinaingia pale unaposhusha zile apu wanazokuambia ushushe. Kazi yake mojawapo ni kukodisha intaneti ya nyumba yako kwa wahalifu, mtu anaiba huko aliko na anwani inayoonekana ni ya kwako. Sasa wewe ni mhamiaji, pengine una faili lako la uraia linasubiri, halafu anwani ya nyumba yako ndiyo inayotumika kujaribia kadi za wizi. Na alama walizozitaja FBI ni zile zile anazojivunia muuzaji: kimefunguliwa kufuli (“unlocked”), kinaonesha vya kulipia bure, apu zake unazitoa soko lisilojulikana, na kinakuambia uzime Play Protect, ulinzi wa Google dhidi ya apu mbaya. Jamaa anakuambia "zima hii kwanza ndio kifanye kazi" na wewe unazima, kama mtu anayemfungia mbwa ili mgeni apite.

Na hiyo milele yao huwa haifiki Krismasi. Seva ikifungwa chaneli zinapotea zote siku moja, unamtafuta muuzaji WhatsApp unakuta tiki moja ya kijivu, na Jumapili kahamia kanisa jingine.

Kama ulishanunua kabla hujaniandikia, na nina wasiwasi na hilo maana swali lako limekuja na bei kamili, kichomoe leo, umeme na waya wa intaneti vyote. Badilisha nywila ya wifi. Badilisha na ya Gmail na ya benki kwa kutumia simu, siyo TV, hasa kama uliwahi kuziandika kwa rimoti yake. Usimpe mtu mwingine wala usikitume nyumbani kwa shangazi, kipeleke kwenye kituo cha taka za umeme. Antena ikikusumbua niandikie uniambie dirisha lenu linaangalia upande gani.