Waalgeria wa Paris walifanywa nini 1961?

SUALI: Asalaam alaykum maalim, babu yangu hapa Wete kaniambia Wafaransa waliwatosa Waalgeria mtoni, kweli?

JIBU: Waalaykumu salaam mwanangu, kweli khasa. Oktoba 1961 mkuu wa polisi wa Paris, Maurice Papon, aliwawekea Waalgeria peke yao kafyu, yaani marufuku kutoka nje, saa mbili na nusu usiku mpaka kumi na moja na nusu alfajiri, sasa we fikiria mtu anatoka shifti ya usiku kiwandani anafikaje kwake? Tarehe 17 FLN, chama cha Waalgeria waliokuwa wanapigania uhuru wa nchi yao kutoka kwa Ufaransa, wakaitisha maandamano ya amani, silaha marufuku, wakaja maelfu na wake zao na watoto, wamevaa nguo zao nzuri. Polisi wakawavamia, zaidi ya 11,000 wakakamatwa, wengine wakatoswa mto Seine, na serikali ikatangaza maiti watatu tu! Inaniuma mpaka leo.