Usichukue Pigo la Tatu: Nilivyomwangusha Malenia Mara ya 84

Jumapili iliyopita, saa saba kasoro usiku, Malenia, adui mgumu wa gemu la Elden Ring, alianguka. Nilikuwa nimekaa sakafuni, mgongo nimeuegemeza kitandani, watoto wamelala chumba cha pili. Sikuweza kupiga kelele. Niliweka pedi ya gemu chini, nikajiziba mdomo kwa kanga, nikalia kidogo. Kila nilipokufa nilikuwa naweka kijistari kwenye daftari, na usiku ule nilikuwa nimeshaandika 83. Wiki tano nzima kwa adui mmoja.

Asubuhi yake nikakuta ujumbe wa msomaji, kijana wa Morogoro anayepambana na Margit, adui mkubwa wa mwanzoni mwa gemu hilo hilo: "Shikamoo dada. Nimekwama kwa Margit, leo siku ya tisa. Nadhani mikono yangu ni mizito. Niliache tu hili gemu?"

Neno hilo, mikono mizito, lilinitonesha. Nimewahi kuambiwa hivyo hivyo, na nililiamini kwa miaka mingi.

Nilikuwa na miaka 14, Tanga, kwenye kibanda cha gemu nyuma ya soko. Utaratibu wake mnaujua: unalipa, unacheza, ukifungwa unapisha mwingine. Msichana nilikuwa peke yangu. Siku hiyo nilifungwa mara tatu mfululizo, na kabla sijasimama kaka mmoja mkubwa akaninyang'anya pedi mbele ya watu wote akasema, "Mpeni mwenye mikono." Kibanda kizima kikacheka. Sikurudi tena pale. Leo nina miaka 33, natunza hesabu za duka la jumla, nina watoto wawili, na nikikikumbuka kile kicheko masikio bado yanapata moto.

Basi niliponunua mashine ya PS4 ya mtumba na kuingiza Elden Ring, niliingia nikiwa tayari nimejihukumu. Gemu hili lilitoka tarehe 25 Februari 2022, limetengenezwa na FromSoftware ya Japani chini ya Hidetaka Miyazaki, na kila niliyemuuliza aliniambia ni la watu wenye mikono myepesi. Mimi nilikuwa nimezoea magemu ya zamu, yale ambayo adui anakusubiri uchague. Dragon Quest ya 1986 ilikuwa hivyo: unachagua kupiga, kuroga au kukimbia, na hakuna anayekuharakisha. Mwaka 1991 Final Fantasy IV ikaleta kipimo cha muda kinachojaa chenyewe, ukizubaa kwenye menyu adui anakupiga. Na nyuma ya yote kuna Dungeons & Dragons ya 1974, iliyochezwa mezani kwa karatasi na dadu. Hata Baldur's Gate 3 ya mwaka 2023 bado inarusha dadu ya nyuso 20 kabla upanga haujafika: namba ya dadu na nyongeza zako zikifikia kiwango cha ulinzi wa adui, umempata, zisipofikia, umekata hewa.

Kwenye magemu yale nilikuwa hodari kweli, nasema bila aibu. Nilijua lini nitumie dawa, lini nihifadhi uchawi, nani afe kwanza. Kosa langu lilikuwa kudhani kwamba dadu ikiondoka, hesabu nayo imeondoka, na kilichobaki ni kasi ya vidole. Ilinichukua muda mrefu na vifo vingi kuona kwamba hesabu haikwenda popote. Imehamia kwenye kile kimstari cha kijani juu kushoto.

Miezi miwili ya kwanza naiacha, haina la kusimulia zaidi ya kufa.

Kile kimstari ni stamina, yaani pumzi ya mtu wako. Kila pigo unalopiga linakula stamina. Kubiringita kunakula stamina. Kukinga kwa ngao kunakula stamina kadiri pigo lilivyo zito, na ngao ikiwa juu stamina inarudi polepole. Yaani kupiga, kukwepa na kujikinga vyote vinachota kwenye mfuko mmoja. Mfuko ukiisha, huwezi kubiringita hata ubonyeze pedi mpaka ivunjike. Mimi siku zote nilikuwa nasema "nimechelewa kubonyeza". Uongo. Nilibonyeza kwa wakati, ila mfukoni hakukuwa na kitu, kwa sababu nilikuwa nimeshazitumia zote kwenye pigo la tatu ambalo halikuwa na nafasi.

Hilo nililigundua kwa Margit, getini pa ngome ya Stormveil. Kuna usiku nilimpiga mawili, nikaona uhai wake umebaki kidogo, nikaongeza la tatu na la nne. Akanyanyua ile fimbo, nami nikabonyeza kukwepa, mtu wangu akasimama wima kama nguzo, akafa. Umeme ukakatika muda huo huo. Nikakaa gizani nikisikia mbu, na kichwani nikarudia pambano lote kama ninavyorudia daftari la mauzo hesabu inapokataa kulingana. Mapigo mawili, nabaki na akiba ya kubiringita mara moja au mbili. Mapigo matatu, nabaki na deni. Basi. Mikono yangu haikuwa na kosa lolote. Tamaa mbele, mauti nyuma, na waliosema hivyo hawakuwahi kushika pedi.

Kesho yake nilijiwekea sharti: mapigo mawili, narudi nyuma. Hata kama amepiga magoti, hata kama kabakiza uhai wa kucha, mawili tu. Nilimshinda mara ya tano siku hiyo.

Kuna jambo jingine hakuna aliyeniambia, nililiona kwa kujaribu. Kwenye pedi ya PlayStation, kitufe cha duara kinafanya kazi mbili: ukikishikilia unakimbia, ukikigusa na kukiachia unabiringita. Sasa gemu litajuaje unataka kipi? Linasubiri uachie kidole. Kubiringita kunaanza unapoachia, si unapobonyeza. Mimi, kwa woga, nilikuwa nakikandamiza kwa nguvu, na kila kukandamiza kulinichelewesha. Gusa uachie, kama unagusa sufuria ya moto. Na usibonyeze mara tatu tatu, kwa sababu gemu linahifadhi agizo lako na kulitekeleza baadaye, ndiyo maana unajikuta unabiringita tena wakati ulishaokoka, unaangukia kwenye pigo linalofuata.

Ukibiringita, kuna muda mfupi sana, chini ya nusu sekunde, ambao upanga unapita mwilini mwako bila kukudhuru. Huhitaji kukimbia mbali. Unahitaji kuwa ndani ya muda ule pigo linapofika. Kwa hiyo dhidi ya Margit, ambaye ananyanyua fimbo na kuishikilia juu ili uogope na kukwepa mapema, kazi yako ni kusubiri fimbo ianze kushuka. Usiangalie inavyopanda. Na uzito wa mavazi ni muhimu: ukibeba chini ya asilimia 70 ya uwezo wako unabiringita vizuri, ukivuka hapo mtu wako anaanguka kama gunia la mkaa na anachelewa kuinuka. Niliona watu wanavaa machuma mazuri ya kupendeza halafu wanalalamika gemu gumu. Vua helmeti, mwanangu.

Sasa niseme la aibu yangu. Nilianza na Samurai, mmoja wa wahusika unaochagua mwanzoni. Anakuja na Uchigatana, upanga unaotoa damu: kila ukimgusa adui damu inajikusanya, ikifika kiwango inapasuka na kumega kipande kikubwa cha uhai wake kwa mpigo. Nilipenda mno. Kila runi niliyopata, yaani zile pointi za kuua maadui, niliipeleka kwenye Dexterity, yaani wepesi, ili upanga ukate zaidi. Vigor, yaani uhai wenyewe, Samurai anaanza na 12, na mimi nilifika kwa Margit ikiwa bado 12. Nilikuwa nakufa kwa mapigo mawili halafu najiita mzito. Sikuwa mzito, nilikuwa sina uhai! Hata baadaye sikujifunza vizuri. Nilifika kwa Malenia nikiwa na Vigor 27, najivunia upanga wangu, na vijistari 40 vya kwanza kwenye daftari ni vya ujinga huo.

Hesabu yake iko wazi. Vigor ikifika 40 unapata uhai 1,450. Ikifika 60 unapata 1,900. Kutoka 60 mpaka mwisho kabisa, 99, unaongeza 200 tu. Kwa hiyo 40 ni lazima, 60 ni hekima, na zaidi ya hapo ni kutupa runi. Nilirudi kwa Rennala, yule malkia wa chuo cha Raya Lucaria ambaye ukishamshinda anakubali kukupangia upya viwango vyako kwa kutumia kitu kiitwacho Larval Tear, nikapunguza Dexterity, nikapandisha Vigor mpaka 50. Upanga ulipungua makali kidogo sana. Mimi niliacha kufa kwa pigo moja.

Malenia ni habari nyingine. Yuko chini kabisa kwenye mti mkubwa wa Haligtree, na jambo linalomtofautisha ni kwamba kila akikugusa anapona. Hata ukikinga kwa ngao, anapona. Kwa hiyo ule ujanja wa kujificha nyuma ya ngao na kumchosha polepole unamlisha. Kila kosa lako unalilipa mara mbili: wewe unapungua, yeye anaongezeka. Halafu kuna ile ngoma yake ya upanga. Anaruka, anasimama hewani kitambo kidogo kama kanga juu ya kamba, kisha anashuka na mapigo mengi mfululizo. Vijistari zaidi ya 30 ni vya ngoma hiyo peke yake, nimevihesabu.

Niliishinda kwa kuacha kuwa karibu. Ndiyo siri yote. Akishapoteza kama robo ya uhai wake ngoma inaweza kuanza wakati wowote, kwa hiyo mimi napiga pigo moja, si mawili, na narudi hatua kadhaa huku stamina imejaa. Akiruka, nageuka nakimbia wimbi la kwanza lipite, halafu nabiringita kuelekea kwake, chini yake, kwenye wimbi linalofuata. Nikiwa nimepiga mawili, stamina haikunitosha kukimbia. Nikiwa nimepiga moja, ilitosha. Unaona tunarudi pale pale.

Awamu ya pili anafufuka na mabawa na sumu nyekundu ya kuoza. Usiku wa Jumapili alibaki na uhai mwembamba kama uzi, akamaliza mfululizo wake, akasimama wazi mbele yangu. Nikampiga moja. Damu haikupasuka. Kila kitu mwilini mwangu kilisema ongeza. Nikarudi nyuma. Akazungusha upanga pale pale nilipokuwa nimesimama, ukapita hewani. Nikaingia, nikapiga, damu ikapasuka.

Nilitamani yule kaka wa kibandani angekuwepo. Nasema ukweli, nilitamani hivyo, ingawa nina miaka 33.

Wasomaji wangu, mnaandika kila wiki mnataka niwaambie silaha ipi ni kali zaidi, uchawi upi unaua haraka, video ipi muitazame. Tunakimbilia kuongeza makali, hatukimbilii kuongeza uhai. Tunafanya hivyo hata nje ya gemu: mtu anapanua duka kabla hajalipa deni la mzigo wa kwanza, halafu akianguka anasema ana mkosi. Acheni kujiita wazito. Acheni kumwita mwenzenu mzito. Mtoto akikaa jirani yako akifungwa mara tatu, mwachie pedi mkononi, umwoneshe pale alipomaliza stamina. Mapigo mawili, rudi nyuma. Nitalirudia hili mpaka mchoke.

Na wewe wa Morogoro, marahaba. Usiliache gemu. Nimeona picha uliyonitumia: Vigor yako ni 14 na umebeba asilimia 78. Mwache Margit, hahami. Toka Limgrave, lile eneo la mwanzo, uvuke daraja uende kusini, Weeping Peninsula. Kule kuna makanisa matatu, kila moja lina Sacred Tear inayofanya chupa yako ya dawa iponyeshe zaidi. Ukipita njiani ukaona mti mdogo unaong'aa dhahabu, chukua mbegu yake, inaongeza idadi ya chupa. Runi zote utakazopata huko weka kwenye Vigor mpaka ifike 25. Vua ile deraya ya kifuani. Kisha urudi getini, na ukumbuke kwamba mara nyingi akikuona unakunywa dawa anakurushia kisu cha mwanga, kwa hiyo unywe ukiwa mbali na uwe tayari kukwepa.

Akianguka niandikie, hata kama ni saa saba usiku. Nitakuwa macho, nimeanza na Samurai mwingine.