Ukiitamani Intaneti ya Zamani, Usianze na Mapambo

Vijana waliozaliwa baada ya mwaka 2000 huniuliza mara kwa mara namna ya kuipata ladha ya intaneti ya zamani: kurasa zenye nyota zinazometameta, vitabu vya wageni (sehemu ya ukurasa ambapo wageni waliacha ujumbe), na picha za kamera ndogo za kidijitali zenye mwanga mkali usoni. Mimi niliitumia intaneti hiyo ingali changa, na ushauri wangu wa kwanza ni kwamba msianze na mapambo, kwa sababu sura mnayoitamani haikubuniwa na wanamitindo bali ilizaliwa na uhaba. Modemu, yaani kifaa cha kuunganisha kompyuta na intaneti kupitia simu ya mezani, hata ilipofikia kasi yake ya juu ya kilobiti 56 kwa sekunde, ilihitaji zaidi ya dakika 9 kupakua wimbo wa megabaiti 4. Kwa hiyo mwenye ukurasa hakuthubutu kuweka picha kubwa nyuma ya maandishi. Aliweka kipande kidogo tu na kukiachia kivinjari kazi ya kukirudia hadi ukurasa wote ujae.

Kijana anayetumia programu ya kuichakaza picha iliyopigwa kwa simu ya kisasa anapata alama za uhaba bila uhaba wenyewe, na ndiyo maana huchoka nayo upesi. Afadhali ujiwekee mipaka ya kweli. Jenga ukurasa kwa mkono, kwa HTML, lugha ya alama inayoandikia kurasa za mtandaoni, na uamue kwamba pamoja na picha zake hautazidi kilobaiti 100. Alama za kichwa, aya, kiungo na picha zinatosha kwa kuanzia, na huduma ya Neocities, iliyoanza mwaka 2013, hutoa nafasi ya bure kwa kazi kama hiyo.

Ukurasa wangu hauna kitufe cha kupenda wala idadi ya wafuasi. Una orodha ya kurasa ninazozipenda, na wageni wangu wengi hufika kwa sababu mwenye ukurasa mwingine amewaelekeza kwangu. Njia hii ni ya polepole na wasomaji wake ni wachache, lakini wanaoniandikia huniandikia barua pepe zenye aya kamili, jambo ambalo mitandao ya kijamii haikuwahi kunipa (au pengine ni umri wangu unaosema). Ukitaka kitu kimoja tu kutoka enzi ile, chukua orodha hiyo ya kurasa.

Kuhusu vifaa, sina mengi. Kabla ya kununua kamera iliyotumika, hakikisha betri haijavimba na uulize inatumia kadi gani ya kuhifadhi picha, kwani baadhi ya kamera za Olympus na Fujifilm zilitumia kadi za xD, ambazo leo ni adimu. Kompyuta yenye Windows XP ifurahie bila kuiunganisha na intaneti, maana mfumo huo uliachwa bila msaada wa usalama mwaka 2014. Michezo ya Flash, teknolojia ya zamani ya michezo na katuni za kwenye kivinjari iliyokoma kuungwa mkono mwishoni mwa 2020, bado huchezeka kwa programu ya Ruffle.

Linalonisumbua zaidi ni uhifadhi, kwa kuwa wanaoililia intaneti ya zamani mara nyingi husahau jinsi ilivyopotea. GeoCities, huduma iliyobeba mamilioni ya kurasa za watu wa kawaida, ilifungwa mwaka 2009, na mwaka 2019 mtandao wa kijamii wa MySpace ulikiri kwamba nyimbo zilizopakiwa humo kwa zaidi ya miaka 10 zilipotea wakati wa kuhamisha seva. Wengi wa wenye kazi hizo hawakuwa na nakala nyingine. Kwa hiyo andika ukurasa wako kwanza kwenye kompyuta yako, ndipo uupeleke mtandaoni. Weka nakala kwenye diski mbili zisizokaa chumba kimoja. Na kila unapoubadilisha, iwasilishe anwani yake kwenye Wayback Machine, hifadhi ya nakala za kurasa za mtandaoni ya shirika la Internet Archive.