Maswali ya Wasomaji: Kichekesho Bubu kwa Kamera ya Simu

SWALI: Tunatengeneza kichekesho bubu cha dakika nne kuwaenzi wachekeshaji wa zamani. Tulirekodi kwa simu, fremu (picha moja moja zinazounda video) 30 kwa sekunde, tukaongeza kasi mara mbili na kuweka mikwaruzo. Watu wanasema kinafanana na video mbovu. Tumekosea wapi?
Msomaji, Tanga

JIBU: Mmekosea kwenye kasi. Kamera za enzi zile zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi fremu 16 hadi 20 kwa sekunde, kisha filamu ikaonyeshwa kwa kasi zaidi kidogo. Kidogo, si maradufu. Mwendo ukizidi, mtazamaji hawahi kuona mguu ulipoteleza, na kicheko hakiji.

Rekodini upya kwa fremu 60, kisha haririni kwenye mradi wa fremu 24, kasi asilimia 120. Programu itachukua kila fremu ya tatu bila kurukaruka, sawa na kamera iliyozungushwa kwa fremu 20. Shata, yaani muda wa kila fremu kupokea mwanga, iwe sekunde 1/60. Ikifika 1/500 mikono itaonekana kukatikakatika. Fanyeni kazi nje, juani, mkiweka kichujio cha kupunguza mwanga (ND) mbele ya lenzi ili picha isiungue kwa shata hiyo, kwani taa za umeme wetu wa Hz 50 huweza kumetameta kwenye picha.

Mikwaruzo ondoeni yote. Filamu zile zilipotoka zilikuwa safi; mikwaruzo ni uchakavu wa nakala.

Kamera itulie kwenye stendi na imwonyeshe mchekeshaji toka kofia hadi viatu, umbo la picha 4:3. Katika filamu ya Steamboat Bill, Jr. (1928), ukuta wa nyumba unamwangukia mchekeshaji Buster Keaton, naye anapona kwa sababu amesimama penye uwazi wa dirisha. Tunauona mwili mzima na ukuta mzima kwa pamoja, ndiyo maana tunaamini. Ninyi ukuta wenu uwe wa maboksi matupu.

SWALI: Tukiondoa rangi, nyuso zinazama gizani.

JIBU: Mipangilio inayoiga filamu ya kale huondoa nyekundu, maana filamu nyingi za wakati ule hazikuiona. Ngozi ya kahawia ina nyekundu nyingi kuliko bluu, hivyo ndiyo inayoumia kwanza. Kwenye mipangilio ya nyeusi na nyeupe ya programu, anzeni na nyekundu asilimia 40, kijani 40, bluu 20. Upande wa kivuli simamisheni shuka jeupe, kama mita moja kutoka kwa mwigizaji, lirudishe mwanga usoni. Kabla ya kurekodi, bonyeza uso wake kwenye kioo cha simu mpaka kipimo cha mwanga kijifunge.

SWALI: Mabango ya maandishi yawe mangapi?

JIBU: Matano yanatosha. “Amekasirika” haliandikwi, huigizwa. “Miezi mitatu baadaye” ndilo linalohitaji bango. Liacheni kwenye kioo mpaka mlisome mara mbili, taratibu, kwa sauti.