Bibi anajibu: Mbuzi wa babu, na jani lililotumwa Pasua

SWALI: Shikamoo Bibi. Naishi Sakina, Arusha, ila kwetu ni Kibosho, Uchaggani. Mimi ndiye kitinda mimba, kwa hiyo kihamba, yaani shamba la urithi, cha marehemu baba kipo mikononi mwangu. Mwaka huu mtoto wangu wa pili anabanwa kifua kila baridi ikizidi. Baba mkubwa amenipigia simu, anasema marehemu babu analalamika hajakumbukwa, na Desemba tukipanda nyumbani nije na beberu na hela ya mbege, pombe yetu ya ndizi. Mke wangu ni mlokole, anasema hayo ni mapepo na hatakanyaga. Mimi ni Mkatoliki, sikosi Misa, na naogopa padri akisikia nitanyimwa komunyo. Nifanyeje?
Kitinda mimba, Sakina

JIBU: Marahaba, mwanangu. Tuanze na mtoto. Kifua kinachobana kwenye baridi ni kazi ya daktari, na Desemba ni mbali. Mpeleke hospitali ya Mount Meru wiki hii. Najua wazee walisema marehemu aliyesahauliwa hubisha hodi kwa ugonjwa. Hapo mimi na baba yako mkubwa hatuko pamoja, na akinikaribisha kata (kibuyu cha kunywea) moja ya mbege nitamwambia mwenyewe, kwa heshima zote.

Sasa huyo beberu. Mimi nimezaliwa Machame kwa Walutheri nikaolewa Kibosho kwa Wakatoliki, kwa hiyo nimeonywa kuhusu matambiko na pande zote mbili. Baba mkwe wangu hakukosa Misa ya kwanza ya Jumapili. Jioni akipewa kata, alimwaga kidogo chini kabla hajaonja, akawataja baba yake na babu yake kwa majina, akawapa habari: nani amejifungua, nani amefaulu, ng'ombe yupi amekufa. Kuomba hakuomba. Mwaka mmoja wa ukame alijaribu kuwadai mvua, mama mkwe akamkatiza kutoka jikoni: "Hiyo mwombe Ruwa!" Mzee akanyamaza, akanywa.

Wanaosema Wachagga hawakumjua Mungu hawajakaa na wazee hao. Ruwa, ndiye Mungu kwa Kichagga, alijulikana kabla mapadri wa shirika la Roho Mtakatifu hawajafika Kilema kwa Mangi (mtawala) Fumba mwanzoni mwa miaka ya 1890, na kabla ya wamisionari Walutheri wa Leipzig, Ujerumani, waliokuja 1893. Tukiimba Kichagga kanisani mpaka leo tunamwita hivyohivyo. Marehemu walikuwa kitu kingine. Walikuwa ukoo, wenye wivu kama shangazi aliyesahauliwa kwenye kadi za harusi, na ndiyo maana sadaka nyingi zilikwenda kwao. Wakalazwa migombani, masale, ile mimea ya majani marefu ya kijani, yakapandwa hapo, wakabaki majirani wa walio hai.

Mchungaji Bruno Gutmann, mmoja wa wamisionari hao wa Leipzig, aliliona hilo. Alifika mwaka 1902, akafanya kazi Old Moshi kwa miaka mingi mpaka alipoondoka 1938, na aliandika sana akitaka kanisa lijengwe juu ya ukoo, ujirani na rika badala ya kuvivunja. Kwa upande wenu, Papa Paulo wa Sita alikuja Kampala 1969 akawaambia maaskofu kwamba wanaweza, tena inawapasa, kuwa na Ukristo wa Kiafrika. Wapo mapadri waliomsikia. Wengine nadhani bado wanasubiri barua.

Kwa hiyo nenda kwa padri wako kabla hajasikia kwa watu. Novemba kanisa lako lote linawaombea marehemu. Mwombe mpange na Misa ya nyumbani mkipanda Desemba, abariki na kaburi. Baada ya Misa beberu achinjwe, na nyama igawiwe kwa mpangilio wa ukoo, kila mmoja apate fungu lake la haki. Hiyo haihitaji ruhusa ya mtu.

Kabla ya hapo mwulize baba mkubwa swali moja: nini kitasemwa? Kama ni kutaja waliotangulia na kuwapatanisha walio hai, kaa mbele kabisa. (Kipande cha barua yako kuhusu kaka yako na ule mpaka wa kihamba nimekikata kwa kukosa nafasi, lakini nadhani anayelalamika hapo si babu.) Kama ni damu na nyama kuwekwa kwenye masale ili babu amwachie mtoto, mwambie taratibu kwamba mbuzi umetoa, ila sala hiyo huiitikii. Na akiletwa mganga wa kuonyesha jirani gani amemroga mtoto, chukua watoto uondoke. Hilo si tambiko. Tangu 1928 nchi hii ina Sheria ya Uchawi, na kumnyooshea mtu kidole kwamba ni mchawi ni kosa.

Mkeo usimburute. Aje kwenye Misa, na mbege ikianza kumwagwa akae anapotaka. Lakini naye asiwafundishe watoto kwamba babu yao ni pepo.

SWALI: Shikamoo Bibi. Mimi ni Mdigo wa Tanga, Mwislamu, nimepanga Pasua hapa Moshi. Mbuzi wa jirani walimaliza mchicha wangu wa kuuza, tukatukanana, hatusalimiani. Juzi kamtuma mzee na jani refu la kijani, limefungwa fundo. Nimelitupia juu ya kabati, naogopa kulishika. Ni ndumba?
Mama Mchicha, Pasua

JIBU: Marahaba, mama. Lishushe. Hilo ni isale (wingi wake masale), mmea uleule unaouona kwenye mipaka ya vihamba na makaburini. Mchagga akikuletea hilo anaomba msamaha, na kwa wazee wa huku kulikataa ni jambo zito kuliko kosa lenyewe. Hujaombwa uamini mzimu wa mtu. Mjibu yule mzee kwamba umelipokea, kisha mpitie jirani mwenyewe umsalimie. Mchicha ni hesabu nyingine: msamaha haufuti deni. Mkishasalimiana mwiteni balozi wa nyumba kumi, taja matuta yaliyoliwa na bei yake sokoni, na mbuzi wafungwe kamba.