Alilazwa Mirembe: anaweza kushtaki?

Wakili, shikamoo. Kaka yangu alilazwa Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili, mwaka 2019. Siku hizi anatumia dawa na anauza nyanya soko la Majengo bila shida. Kiwanja chake cha Nzuguni kimevamiwa, na mvamizi anamcheka kwamba chizi hawezi kumshtaki mtu. Ni kweli? (Msomaji, Nkuhungu)

Marahaba. Si kweli, na huyo mvamizi anajua anachofanya. Hapa Dodoma likitajwa neno Mirembe, mazungumzo yameisha. Mahakamani ndiyo kwanza yanaanza.

Mtu aliyetimiza miaka 18 huchukuliwa kuwa ana akili timamu hadi ithibitishwe vinginevyo, na anayedai kwamba hana ndiye mwenye kazi ya kuthibitisha. Kinachotazamwa chini ya Amri ya 31 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ni uwezo wa mtu kulinda maslahi yake katika shauri lililopo. Je, kaka yako anajua anagombea nini na nani? Anaweza kumpa wakili maelekezo? Anaelewa kwamba akishindwa anaweza kubebeshwa gharama? Mwenye skizofrenia (ugonjwa wa akili unaoweza kumfanya mtu asikie au aamini yasiyokuwepo) aliyetulia kwa dawa anaweza kuyajibu hayo vizuri kuliko jirani ambaye hajawahi kukanyaga kliniki.

Mvamizi akileta pingamizi kwamba kaka yako hana akili timamu, mahakama itachunguza. Inaweza kumwita mwenyewe na kumuuliza maswali, kutaka taarifa ya daktari, pengine hata kumsikia ndugu anayeishi naye. Cheti cha hospitali cha 2019 kinaeleza hali ya 2019, kwa hiyo chukueni taarifa mpya. Mwombeni daktari aandike mgonjwa anaelewa nini na anaamua vipi mambo yake. Nimeona taarifa za mstari mmoja, "ni mgonjwa wa akili", basi. Hakimu afanye nini nazo? Daktari anatoa maoni, uamuzi ni wa mahakama.

Baba yetu ana miaka 84, anasahau hadi majina yetu. Ameshtakiwa mahakama ya wilaya kwa deni la trekta. Mdogo wangu anataka akajibu kwa niaba yake. Ana karatasi ya kumwakilisha ambayo baba aliitia dole gumba mwezi uliopita. Inatosha? (Msomaji, Kongwa)

Karatasi hiyo itawaumiza. Hamwezi kumwambia hakimu kwamba mzee haelewi kitu, huku mkimwonyesha hati mnayodai aliielewa mwezi jana. Kama hakujua anachotia dole gumba, haina nguvu.

Njia iliyo wazi ni kuiomba mahakama imteue mtu wa kumtetea mzee katika shauri hilo, ombi likiambatana na hati ya kiapo na taarifa ya daktari. Mteuliwa awe mtu mzima, mwenye akili timamu, na maslahi yake yasigongane na ya mzee. Hapo nina swali: trekta analitumia nani? Kama ni huyo mdogo wako, tafuteni mtu mwingine.

Msisubiri hukumu. Hukumu dhidi ya mtu asiyejiweza ambaye hakuwa na wa kumtetea inaweza kutenguliwa, ila kuitengua ni shauri jingine na gharama nyingine. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili aulizie msaada wa kisheria. Sheria yake ipo tangu 2017.

Namwakilisha dada yangu mgonjwa wa akili katika shauri la fidia kama "rafiki wa karibu", yaani mtu anayedai mahakamani kwa niaba ya asiyejiweza. Mdaiwa anataka tumalizane nje kwa shilingi milioni 6. Nisaini? (Msomaji, Singida)

Usisaini, wala usipokee hata shilingi, kabla mahakama haijakupa ruhusa. Mahakama itataka kujua kama mapatano hayo yanamfaa dada. Kwamba wewe umechoshwa na nauli si hoja.

Shamba la mjomba lilichukuliwa 2010 akiwa mgonjwa sana wa akili. Alipona 2020. Tumechelewa? (Msomaji, Mpwapwa)

Madai ya kurudishiwa ardhi yana ukomo wa miaka 12. Kama siku shamba linachukuliwa tayari alikuwa hajiwezi, muda wake unahesabiwa tangu alipopata nafuu, yaani 2020. Kama ugonjwa ulikuja baadaye, hesabu inaanzia 2010 na hali ni ngumu. Upande wa pili utabishana nanyi kuhusu tarehe tu, kwa hiyo ombeni kumbukumbu zake hospitali mapema, kabla hamjafungua shauri.